Naomba ushauri: mungu mke wa kwenye hadithi yangu afumue uzi au asifumue?

Mchovya Wino: Wakuu habari za jioni. Naandika hadithi ya kubuni, naituma kwenye grupu la WhatsApp kila Ijumaa, wasomaji wengi ni wa huku huku Mwanza. Dunia yake inaitwa Orumbe na ina mungu mke anaitwa Zirahe, ndo anayefuma maisha ya watu. Mtande, zile nyuzi za urefu, aliutandaza kabla jua halijawashwa, kila mtu ni mshindio, uzi wa kukatiza, anaupitisha juu chini juu chini, akipiga fundo umekwisha. Sheria niliyoiweka toka mwanzo ni kwamba hata yeye hawezi kufumua alichofuma. Sasa kuna kijana anaitwa Temo kazama na mtumbwi, fundo limepigwa, grupu limegawanyika, wengine wanataka arudi. Nivunje sheria au nimuache? Kesho kutwa ni Ijumaa na usingizi sipati.

Kambale Sugu: Aliyekufa abaki kafa. Wagiriki walikuwa na wamama watatu, Clotho anasokota uzi, Lachesis anapima, Atropos anakata, na huyo Atropos habembelezeki. Skandinavia nako walikuwa na Urd, Verdandi na Skuld. Ukifufua mmoja tu nani atamuogopa tena Zirahe?

DebeTupu: Aje Igoma afungue saluni, wasusi wazuri hawapatikani siku hizi, wa juzi kanivutia rasta mpaka macho yakawa ya Mchina 😂

Shangazi wa Buzuruga: Bibi yangu kule Ukerewe alikuwa anasuka mikeka ya ukindu, akikosea mstari mmoja anafumua wote na siku hiyo hakuna wa kumsogelea, hata chai tulikunywa kwa jirani. Ila mwanangu, mtu halali kwa ajili ya mtu wa kutunga? Kuna kitu umekificha.

Mchovya Wino: Hamna shangazi, ni kuheshimu wasomaji tu.

Ngosha wa Ziwani: Wasomaji au msomaji? Funguka.

Mchovya Wino: Haya. Kuna mama mmoja anauza dagaa Mwaloni pale Kirumba, yumo kwenye grupu. Mwanae alienda visiwani kuvua, muda sasa simu haipatikani. Temo alivyozama mama akanipigia analia, anasema huyo ni mwanangu, muombe Zirahe. Mimi nikamjibu kwa voisi, kwa ile sauti yangu ya Zirahe, kwamba uzi wake bado uko kwenye mtande. Ilikuwa kumtuliza tu. Tangu hapo akiuza ananitumia chochote, anasema ni ya Zirahe. Sijamuomba hata shilingi.

Shangazi wa Buzuruga: Na hela unakula?

Mchovya Wino: Nilibadilisha kioo cha simu, na simu si ndo naandikia hadithi? Halafu episodi ya Ijumaa nilisharekodi, Zirahe anafumua, Temo anatoka majini. Mama atafurahi, shida iko wapi?

Mtumishi Mnyenyekevu: Soma Kutoka sura ya 20. Umemtengenezea mjane wa watu mungu wa bandia na sadaka unapokea.

Mchovya Wino: Nani kasema ni mjane?

Kambale Sugu: Mimi bado nasema kufumua kunaharibu hadithi.

Ngosha wa Ziwani: Jamani hii ni chai, tena ya rangi. Sasa hivi mbalamwezi imejaa. Dagaa wanavuliwa kwa taa usiku wa giza, mwezi ukiwa mkubwa wavuvi wanapumzika wanashona nyavu. Huyo mama anauza dagaa gani wa kutuma hela kila mara? Mleta mada anaijaribia hadithi yake kwetu.

DebeTupu: Nilijua! Na sisi tumeshafumwa humo humo 😂😂

Mchovya Wino: Ngosha umewahi kufika Mwaloni kweli? Wale ni dagaa wakavu, wa magunia, mwezi ujae usijae wanauzwa.

Ngosha wa Ziwani: Hapo sawa. Ila jina la kisiwa hujataja.

Mama Kichanja: Mimi nilianika dagaa Ukara miaka mingi kabla sijahamia mjini. Kama ni chai tutakunywa, kama ni kweli msikilize. Kuna makambi mtandao unashika ukipanda kwenye jiwe tu, na vijana wanahama kambi bila kuaga wakifuata dagaa. Kwenye mialo kuna BMU, vile vikundi vya usimamizi wa mialo, viongozi wake wanawajua wavuvi wao na matajiri wa mitumbwi. Huyo mama aende na jina la mwanae na la tajiri wake, aulizie kwa manahodha wa mitumbwi inayoleta mzigo Kirumba. Hela aliyokupa ilitosha nauli ya kumfuata. Ijumaa ukimtoa Temo majini huyo mama ataacha kabisa kutafuta, atakaa anasubiri.

Mchovya Wino: Lakini nimesharekodi mama.

Mama Kichanja: Futa. Kesho asubuhi nashuka Mwaloni kuchukua mzigo. Huyo mama anakaa upande gani, kwenye magunia au kule wanakoshushia mitumbwi?

Shangazi wa Buzuruga: Jibu mwanangu.

Ngosha wa Ziwani: Mkuu nakuona upo onlaini.