Mkaratusi ulioandikwa: huyu kiwavi anarudi kufanya nini?

FundiWaGikomba
Habarini wadau. Mimi ni fundi wa nguo, cherehani yangu iko Gikomba, kwa hiyo msinicheke nikiuliza mambo ya miti. Mpwa wangu anasoma Canberra. Jumapili alinitumia picha ya mkaratusi, gome jeupe nyororo, na juu yake michoro ya kahawia kama ya mtoto wa chekechea aliyeachiwa kalamu. Nikamwambia awakanye wenzake waache kuharibu miti. Akacheka, eti ni kiwavi.

Haya, nikaikuza picha. Mwanzoni mstari unazurura tu, mizunguko mikubwa isiyo na mpango. Halafu unatulia, unakuwa zigizaga ya karibukaribu, ile ninayopitisha kwenye ukingo wa kitambaa usifumuke. Sasa kilichoninyima usingizi: zigizaga yenyewe ni mistari miwili inayokwenda sambamba, na mwisho wake pana kona nyembamba ya kugeukia. Hiyo naijua. Ni mtu ameshona, amefika mwisho, amegeuza kitambaa akarudi kando ya mshono wake. Kiwavi anarudi kufanya nini?

MamaNduma
Labda alishuka matatu akakumbuka chenji yake iko kwa konda.

MstaafuMisitu
Fundi, jicho lako halikukosea. Huyo ni kiwavi wa nondo mdogo wa huko Australia. Wa kwanza kutajwa, *Ogmograptis scribula*, alipewa jina na Edward Meyrick mwaka 1935. Mayai hutagwa katikati ya gome kuukuu na jipya. Kiwavi akianguliwa hutoboa ndani ya gome akizurura, kisha huanza zigizaga, hugeuka na kuipiga maradufu. Mti nao hujibu kwa kujaza njia aliyopita kovu laini lenye lishe nyingi. Hapo kiwavi hujivua ngozi, safari hii anapata miguu, anageuka na kuila njia ileile aliyoichimba. Ananenepa upesi, anatoka, anasuka kifukofuko chake chini kwenye shina. Gome la juu likibanduka ndipo mnaona maandishi. Mwenyewe ameshaondoka.

FundiWaGikomba
Ngoja. Mti unatia kiraka, yeye anarudi kula kiraka?

MstaafuMisitu
Ndiyo hivyo. Na usidhani ni elimu ya zamani. Ni mwaka 2012 tu ambapo Marianne Horak, Max Day na wenzao walieleza spishi 11 mpya za nondo hao. Day alizaliwa 1915, piga hesabu mwenyewe. Mimi kupanda ngazi ya orofa ya pili ni mpaka nipumzike.

FundiWaGikomba
Shikamoo yake. Swali la mwisho, mzee. Jana nilikuwa Limuru kwa shosho, nikapasua gogo la mkaratusi lililolala tangu mwezi jana. Chini ya ganda kulikuwa na njia pana kama kidole, zimeshindiliwa unga wa mbao. Ni ndugu yake?

MstaafuMisitu
Hapana, huyo hana hata ujamaa naye. Kwa maelezo yako namshuku mbawakawa wa papasi ndefu, *Phoracantha*, naye asili yake ni Australia. Buu lake hula kati ya ganda na mbao, na hupenda mti uliopigwa na kiangazi au gogo lililokatwa karibuni. Wa Canberra hukaa kwenye gome tu, mti unaendelea na maisha. Huyu wa kwa shosho anaweza kuuzungushia mti njia zake mpaka ukauke. Hilo gogo lichomwe mapema, na zile kuni nyingine mzibandue maganda.

MamaNduma
Shosho akubali kuchoma kuni kabla ya mvua? Haya, tuombe.

FundiWaGikomba
Nimeshampigia, amesema nikalichome mwenyewe Jumamosi. Na mpwa nimemwagiza anipigie ile kona kwa karibu, aweke sarafu kando nipime upana. Nina mfuko wa jinzi mezani hapa, nataka kuijaribu.