Mada: Mitumba ikishalipiwa Mombasa, Kigali inaingia bure?

Habari za wikendi wadau. Naomba wenye uzoefu mnisaidie. Mi na shemeji tunakusanya nguo za mitumba huku Uingereza, tujaze kontena lishuke Mombasa, nusu auze yeye Nairobi na nusu iende Kigali kwa mwenzetu mmoja. Nimeambiwa tangu Jumuiya ya Afrika Mashariki iondoe ushuru kati ya nchi wanachama, ukishalipa Kenya umemaliza, huko mbele ni kupita tu. Kweli hii au stori?
Mdau, Leeds

> ukishalipa Kenya umemaliza

Kaka hapana, aliyekwambia hivyo hajawahi kutoa mzigo. Ushuru sifuri uliopo tangu 2010 ni wa bidhaa zilizozalishwa humo humo ndani ya Jumuiya, mfano sabuni ya kiwanda cha Nairobi ikienda Kigali na cheti chake cha uasili, yaani karatasi ya kuthibitisha imetengenezwa wapi. Shati la Uingereza halipati uraia kwa kulala bandarini Mombasa 😀

Alafu tangu 2014 kuna Himaya Moja ya Forodha, yaani mzigo unalipiwa ushuru wa nchi unakoishia kabla hata haujatoka bandarini, kwa hiyo ile nusu ya Kigali itatamkwa kwa forodha ya Rwanda na hela ni ya Rwanda, Kenya anabaki kukupitisha tu. Na hapo ndo penye kazi, manake tunaambiwa ushuru wa bidhaa zinazotoka nje ya Jumuiya ni wa pamoja lakini kila mwaka wakati wa bajeti kila nchi inaomba viwango vyake pembeni, mi hilo neno "pamoja" nimeshazoea kulicheka. Mitumba ndo usiseme. Mwaka 2016 marais walikubaliana waipunguze mpaka iishe ili viwanda vya nguo vipumue, Rwanda wakapandisha kutoka senti 20 za dola hadi dola 2.50 kwa kilo, Marekani wakanuna, wakatishia kuwaondoa kwenye AGOA, ule mpango wao wa kupokea bidhaa za Afrika bila ushuru, Kenya Uganda na Tanzania wakarudi nyuma, Rwanda wakakaza. 2018 nguo za Rwanda zikasimamishiwa huo upendeleo na bado hawakulegea. Sasa we pima kontena kwa kilo kwanza, kisha niambie kama kuna faida.

Watu wa mpaka wanajua haya kuliko sisi tulioko huku, muulize wakala wa Rwanda, sio wa Mombasa peke yake.
Mzee wa Forodha (mstaafu), Birmingham

Shikamoo mzee, na ile AfCFTA, Eneo Huru la Biashara la Afrika, je? Si tuliambiwa Afrika nzima ni soko moja?
Dada, Rotterdam

Marahaba mwanangu. Ile nayo ni ya bidhaa za Afrika. Biashara ilianza rasmi Januari 2021, ushuru unashushwa mdogo mdogo kwa asilimia 90 ya aina za bidhaa, na cheti cha uasili unaulizwa vile vile. Kwa mitumba haikusaidii kitu.
Mzee wa Forodha

Niongezee kidogo. Kama mwenzenu wa Kigali anataka biashara ya mpakani bora achukue bidhaa za viwandani Kenya au Uganda, mzigo usiozidi dola 2,000 na uwe kwenye orodha ya Jumuiya, anapata cheti rahisi cha uasili pale pale mpakani. Ila asije akadhani ushuru sifuri ni kodi sifuri, VAT ya nchi anayoingia iko palepale, wengi wanagombana na maofisa bure kwa hili.

Na wale mnaorudi nyumbani moja kwa moja, sheria ya forodha ya Jumuiya inawasamehe ushuru wa gari moja mkiwa mmelimiliki na kulitumia huko nje si chini ya miezi 12. Kuweni na karatasi zote. Kenya bado wanaangalia na umri wa gari, lisizidi miaka 8.
Mama wa Mizigo, Milton Keynes

Asanteni sana, mmeniokolea hela. Nimeongea na shemeji, kontena lote linabaki Kenya, Kigali tutafikiria sabuni. Sasa kuna anayejua wakala Mombasa anayekubali kulipwa nusu kwanza na nusu mzigo ukishatoka? Tuliyempata anataka zote mapema na mimi hapo roho inasita.
Mdau, Leeds