Mjadala: Medusa mwenye upanga, kapewa sauti au kapewa upanga tu?

NAHODHA: Wadau, mwaka 2020 sanamu aliyoichonga Luciano Garbati iliwekwa New York, ng'ambo ya mahakama ilikosikilizwa kesi ya ubakaji ya Harvey Weinstein, mtayarishaji filamu wa Marekani. Medusa, yule mwanamke mwenye nywele za nyoka wa hadithi za Wagiriki wa kale, aliyekatwa kichwa na shujaa Perseus, humo kasimama, upanga mkono mmoja, kichwa cha Perseus mkono wa pili. Wapo wanaosema mwanamke aliyenyamazishwa karne zote kapata haki yake. Mimi naona upanga umehama mkono tu. Mnasemaje?

MWANAKWAO: Perseus alitumwa! Aliyembaka Medusa ni Poseidon, mungu wa bahari, tena ndani ya hekalu la mungu wa kike Athena, na Athena akamwadhibu Medusa. Kichwa cha Poseidon kiko wapi?

TARISHI: Hiyo ya kubakwa ni ya mshairi Ovid, Mrumi. Hesiod, mshairi Mgiriki aliyemtangulia kama miaka 700, anasema walilala kwenye majani laini, kati ya maua. Msituletee siasa za leo.

DADA MKUBWA: "Walilala" kasema nani? Medusa aliulizwa? Hesiod hakumpa hata neno moja, na hilo ndilo tunalolilia.

TARISHI: Mbona wake wema hamuwataji? Penelope, katika utenzi wa Homer, alimngoja mumewe Odysseus, aliyekwenda vitani, miaka 20. Mchana akifuma sanda ya mkwewe, usiku akiifumua, asiolewe na wale waposaji.

MWANAKWAO: Unamsifu kwa kungoja! Odysseus njiani kakaa mwaka kwa mchawi Circe, miaka saba kwa Calypso, mungu wa kike wa kisiwani. Na Penelope alipotoka kusema neno ukumbini, Telemachus, mtoto aliyemzaa na kumlea, akamwambia arudi ndani akafume, kusema ni kazi ya wanaume.

TARISHI: Calypso alimzuia kwa nguvu. Soma vizuri, dada.

DADA MKUBWA: Kumbe mwanamume akizuiwa ni mateka, ila Medusa "walilala".

NAHODHA: Jamani, sanamu...

MWANAKWAO: Sanamu ingoje. Wale wajakazi 12 wa nyumbani kwa Odysseus je? Odysseus mwenyewe aliwashtaki waposaji kwamba wanawalala wajakazi wake kwa nguvu. Kisha akawaamuru wajakazi hao hao wabebe maiti za waposaji aliowaua, waoshe damu, na Telemachus akawanyonga.

TARISHI: Walikuwa wasaliti. Mjakazi Melantho alimtukana Odysseus usoni.

DADA MKUBWA: Tusi ndiyo kitanzi, kaka? Watumwa wale wangemkatalia nani, katika nyumba isiyo yao? Anayetaka kuiandika upya hadithi hii leo aanze na wao, malkia baadaye.

TARISHI: Nimeuliza ya Penelope, sijajibiwa.