Mtoto mwenye sonona anarudishwa nyumbani kila mara: haki zake katika shule za umma Marekani

Habari zenu ndugu,

Mwanafunzi wa shule ya umma ana barua ya daktari inayosema ana sonona na wasiwasi uliopitiliza. Karibu kila wiki shule humpigia mzazi aje kumchukua kabla ya saa sita. Mzazi ameomba msaada kwa mdomo mara kadhaa, kimya. Aanzie wapi? Je, kudai kwake kunaweza kumletea matatizo ya makaratasi ya ukaazi?

---

Dada, nianze na la mwisho kwa kuwa ndilo linalowanyamazisha wazazi wengi. Tangu hukumu ya Mahakama ya Juu ya Marekani katika kesi ya Plyler dhidi ya Doe, mwaka 1982, shule ya umma haiwezi kumnyima mtoto masomo kwa sababu ya hali yake ya uhamiaji. Adai bila woga.

Sasa aandike. Ombi la mdomo halina tarehe, na shule ikikana hana cha kuonyesha. Barua pepe moja inatosha, iende kwa mkuu wa shule na kwa msimamizi wa elimu maalumu wa wilaya, ikitaja IDEA (sheria ya elimu ya watoto wenye ulemavu) na Kifungu cha 504 (sheria inayokataza ubaguzi kwa sababu ya ulemavu): "Naomba mwanangu afanyiwe tathmini kamili chini ya sheria ya IDEA na Kifungu cha 504. Naomba fomu ya ridhaa." Hiyo sentensi ya mwisho asiiache. Siku 60 za kukamilisha tathmini (majimbo mengine yana muda wao) huhesabiwa tangu shule ipokee ridhaa iliyosainiwa, wala si tangu barua ifike. Ndipo miezi inapopotea: fomu haitumwi, na mzazi anadhani siku zinahesabika.

Mtoto akionekana anastahili, kikao cha kuandaa IEP (mpango wa elimu maalumu wa mtoto huyo) kifanyike ndani ya siku 30. Shule ikikataa, ni lazima itoe sababu kwa maandishi. Barua ya daktari inasaidia sana, lakini peke yake haimpi mtoto IEP. Lazima ionekane hali hiyo inaathiri masomo yake kiasi cha kuhitaji mafunzo maalumu. Wakisema "alama zake ni nzuri", hilo halitoshi kumkatalia: sheria inamtambua hata mtoto anayefaulu na kupanda darasa. Akikosa IEP bado kuna mpango wa 504, ambao unaweza kumpa muda wa ziada kwenye mitihani, mahali pa kutulia au ratiba iliyopunguzwa makali.

Mkalimani wa kikao ni jukumu la shule. Tafadhali mtoto asitafsiri kikao kinachomhusu mwenyewe.

---

Naongeza kuhusu hizo simu za "njoo umchukue", maana hapo ndipo penye uzito.

Kumtoa mtoto darasani kwa sababu ya tabia yake, hata kwa saa chache, kunaweza kuhesabiwa kama kumsimamisha, japo shule haikuandika popote. Mzazi awe na daftari: tarehe, saa aliyopigiwa, aliyepiga, sababu. Kisha siku hiyo hiyo amtumie mkuu barua pepe: "Leo saa nne na nusu mmeniagiza nimchukue kwa sababu hii. Je, amesimamishwa?" Jibu lolote litakalotoka lina faida.

Siku za kuondolewa zikizidi 10 mfululizo, au zikizidi 10 kwa jumla katika mwaka mmoja kwa mtindo unaojirudia, shule iitishe kikao ndani ya siku 10 za masomo kuamua kama kosa limetokana na ulemavu wake au na shule kutotekeleza IEP. Likiwa hivyo, anarudi darasani, isipokuwa katika makosa ya silaha, dawa za kulevya au kumjeruhi mtu vibaya. Asiye na IEP bado anaweza kupata ulinzi huu ikiwa mzazi aliomba tathmini, au alimwandikia mwalimu au uongozi kwamba mtoto anahitaji elimu maalumu, kabla ya kosa. Sababu nyingine ya kuandika leo.

Mambo mawili asiyasaini kwa haraka: karatasi ya kumtoa mtoto "kwa hiari" akasomee nyumbani, kwani ulinzi mwingi wa IDEA huondoka naye, na sharti la kutumia dawa zinazodhibitiwa na serikali ili aruhusiwe kuingia darasani. Sharti hilo limekatazwa kisheria.

Wakiendelea kukaa kimya, malalamiko ya ubaguzi hupelekwa Ofisi ya Haki za Kiraia ya Wizara ya Elimu ndani ya siku 180 tangu tukio. Ya IDEA huenda idara ya elimu ya jimbo, ndani ya mwaka 1. Kupeleka hakulipiwi, na wakili si lazima.