Narudi Dar baada ya miaka 17 Uingereza: bima ya afya ya binti, ya kampuni au ya kimataifa?

Kasuku wa Kigamboni
Wakuu, heshima kwenu. Mimi na mke wangu tunafunga virago Desemba. Nina miaka 58 na presha; mama watoto ana 55, magoti tu ndiyo yanamsumbua. NHS, huduma ya afya ya serikali ya huku, ni ya mkaazi. Ukihama kabisa imeisha, hata kama umekatwa kodi miaka yote. Sasa nichukue bima binafsi ya hapo Dar, ya kimataifa nikiwa bado huku, au binti yetu, mwalimu wa sekondari ya serikali, atuandikishe NHIF, Mfuko wa Taifa wa Bima ya Afya?

bibi_wa_salasala
Karibuni nyumbani, kaka. Anza na binti. Anakatwa asilimia 3 ya mshahara, mwajiri anaongeza 3, na anaruhusiwa mwenza na wategemezi wanne, wazazi na wakwe wakiwamo. Nyinyi hamtoi hata mia. Tafuteni mapema namba za NIDA (kitambulisho cha taifa) na cheti cha kuzaliwa cha binti chenye majina yenu. Kama mlishachukua pasipoti ya Uingereza, hiyo kesi nyingine, uraia pacha hatuna.

Pweza Mkavu
Ulizia na kadi inapokelewa wapi. Machi 2024 hospitali binafsi kadhaa zilisitisha kuhudumia wanachama wa NHIF kwa mvutano wa kitita kipya, yaani bei ambazo mfuko unazilipa hospitali. Muhimbili, Mloganzila, Taasisi ya Moyo ya Jakaya Kikwete, huko hamna shida. Ila jiandae kudamka na foleni yako.

Fundi Kikotoo
Mimi nilirudi kutoka Oman nikachukua binafsi. Mapokezi safi, kiyoyozi, kahawa. Shughuli ilikuwa kwenye fomu. Niliandika kwamba nina sukari, nikaambiwa ugonjwa uliokuja nao haulipiwi mpaka muda wa kusubiri upite. Ada nimeshalipa ya mwaka mzima, dawa nanunua kwa hela yangu! Lakini usifiche, wakigundua wanakataa dai lote, hata la malaria. Kingine, kikomo cha kulazwa na kikomo cha matibabu ya nje ni viwili tofauti. Mimi nilisoma kile kikubwa nikafurahi bure. Na umri: kuna kampuni hazipokei mwanachama mpya akishavuka miaka fulani, kwa hiyo 58 usiichezee.

Hiyo ya kimataifa, kama huna mpango wa kupelekwa Nairobi au India kwa ndege, unalipa dola kwa ajili ya kadi nzuri.

Kasuku wa Kigamboni
Asanteni. Nimempigia binti. Kadi yake tayari ina watoto wawili na mama mkwe wake. Imebaki nafasi moja.

bibi_wa_salasala
Basi ingia wewe mwenye presha. Mkeo achukue binafsi, hana ugonjwa wa kueleza.

Pweza Mkavu
Na magoti je? Fomu inauliza mpaka magoti.

Fundi Kikotoo
Aandike. Kikubwa dawa za presha ndizo za kila mwezi, hizo ndizo zinamaliza mfuko.

Kasuku wa Kigamboni
Mke wangu amesoma yote haya amesimama nyuma yangu. Anasema aliyebeba mimba ya huyo mwalimu ni yeye, kwa hiyo nafasi ni yake. Ngojeni, narudi.