Tasnifu kuhusu Matthew Arnold: nianze na tafiti zipi?

Mwanafunzi, Mbarara

Salaam kwenu wapenzi wa fasihi. Ninaandaa pendekezo la tasnifu ya shahada ya uzamili kuhusu Matthew Arnold, mshairi na mhakiki wa Uingereza aliyezaliwa mwaka 1822 na kufariki mwaka 1888. Mashairi yake makuu nimeyasoma, na kitabu chake Culture and Anarchy cha mwaka 1869 nimekirudia. Kinachonilemea ni wingi wa yale yaliyoandikwa juu yake. Kuna watafiti wanaomtazama kama mshairi tu, kiasi kwamba miaka yake ya baadaye, alipokuwa ameacha kutunga kwa wingi, wanaiona kama ukame. Wengine wanamchukua kama baba wa uhakiki wa Kiingereza wa kisasa. Wengine tena wanamsoma pamoja na dola iliyotutawala.

Maktaba iliyo karibu nami ina kitabu cha Lionel Trilling cha mwaka 1939, na msimamizi wangu anataka nieleze ninasimama wapi katika mjadala huu. Je, Trilling bado anafaa kuwa msingi? Na mtu anayeandika akiwa Uganda ana nafasi gani ya kusema jambo ambalo halijasemwa?

Mhadhiri mstaafu, Kampala

Karibu sana, mwanangu. Trilling msome, na umsome mwanzo hadi mwisho. Kitabu hicho kilianza kama tasnifu ya udaktari katika Chuo Kikuu cha Columbia, na nia yake ilikuwa kuandika historia ya akili ya Arnold kuliko ya maisha yake. Hadi leo sijaona aliyeonyesha vizuri zaidi jinsi Arnold alivyoweza kuwa na mashaka ya mshairi na uhakika wa mhakiki ndani ya mtu mmoja.

Hata hivyo, usimfanye Trilling kuwa nguzo pekee, kwa sababu hakuwa na nyenzo ulizo nazo wewe. Arnold hakutaka aandikiwe wasifu, na barua zilizotolewa na George Russell mwaka 1895 zilikuwa zimepunguzwa. Barua kwa ukamilifu wake zilikuja kutolewa na Cecil Lang katika majuzuu 6, kuanzia mwaka 1996 hadi 2001. Nathari yote ilihaririwa na R. H. Super katika majuzuu 11 kati ya mwaka 1960 na 1977, na mashairi yalihaririwa na Kenneth Allott mwaka 1965, kisha Miriam Allott akaliboresha toleo hilo mwaka 1979. Ninasisitiza matoleo haya kwa kuwa hoja nyingi kuhusu Arnold husimama au huanguka kutokana na maandiko yenyewe.

Chukua shairi lake la Dover Beach. Lilichapishwa mwaka 1867, na msomaji wa haraka anaweza kulidhania kuwa shairi la mtu wa makamo. Lakini Tinker na Lowry, katika ufafanuzi wao wa mwaka 1940, walichunguza karatasi yenye mistari 28 ya mwanzo iliyoandikwa kwa penseli, na upande wa pili wa karatasi hiyo kuna maelezo ya Arnold kuhusu maisha ya Empedocles, mwanafalsafa ambaye shairi lake refu juu yake lilitoka mwaka 1852. Rasimu hiyo inakatika pale anapoanza kumwita mpenzi wake, na baada ya maneno hayo ya mwito ameweka alama ya "na kadhalika" tu, dalili kwamba yaliyofuata alikuwa nayo tayari. Kwa hiyo beti ile ya mwisho, ya majeshi yanayopambana gizani bila kutambuana, huenda ndiyo iliyotangulia, na ile bahari ya imani inayokupwa ikaja baadaye. Ukikubali hivyo, usomaji wako wa shairi zima unabadilika: maombolezo ya dini hayakuwa chimbuko lake, bali yalitafutwa ili yaeleze hofu iliyokuwapo tayari.

Mwalimu wa sekondari, Gulu

Ninamheshimu Mzee aliyenitangulia, na nakubaliana naye kuhusu matoleo, ila naona matoleo hayohayo yanatupeleka kwenye swali ambalo Trilling hakuligusa vya kutosha. Julai 1866 wananchi waliokuwa wakidai haki ya kupiga kura walizuiwa kuingia bustani ya Hyde Park, London, na uzio ukaangushwa. Tukio hilo limo ndani ya Culture and Anarchy. Katika toleo la kwanza Arnold alinukuu kwa kuridhia maneno ya baba yake, Thomas Arnold wa shule ya Rugby, kwamba dawa ya ghasia ni kuwachapa viboko wafuasi na kuwatupa viongozi kutoka kwenye mwamba wa Tarpeia, kama walivyofanya Warumi. Toleo la mwaka 1875 halina maneno hayo. Asiyelinganisha matoleo hatajua kwamba mtetezi wa upole na nuru aliwahi kuyaandika.

Raymond Williams, katika kitabu chake cha mwaka 1958, alimweka Arnold ndani ya historia ndefu ya wazo la utamaduni nchini Uingereza. Edward Said, mwaka 1993, alikwenda mbali zaidi na kumhusisha na mjadala wa Gavana Eyre, aliyezima uasi wa Jamaica mwaka 1865 kwa umwagaji mkubwa wa damu. Robert Young naye, mwaka 1995, alichunguza namna Arnold alivyozungumza kuhusu utamaduni kwa lugha ya mbari.

Sisi wa Uganda hatuwezi kuyapita haya. Makerere ilihusishwa na Chuo Kikuu cha London kuanzia mwaka 1949, na wanafunzi wakafundishwa fasihi kwa mizani ya London. Mshairi Okot p'Bitek, mwana wa Gulu aliyesoma Oxford, katika Song of Lawino anamwonyesha Lawino, mke anayelalamika, akililia vijana walioangamia katika msitu wa vitabu. Arnold alitaka tujue yaliyo bora kuliko yote yaliyofikiriwa na kusemwa duniani. Ni haki kabisa kuuliza ni nani aliyekaa kwenye kiti cha kuamua ubora huo, na tasnifu inayouliza hivyo kwa ushahidi itakuwa na uzito.

Mkufunzi wa chuo cha ualimu, Jinja

Ndugu zangu, mmemtaja mshairi na mmemtaja mhakiki, lakini mkaguzi wa shule hamjamgusa, naye ndiye aliyekuwa akila mshahara. Arnold alikagua shule za msingi kuanzia mwaka 1851 hadi 1886. Mwaka 1862 serikali ilianza kutoa ruzuku kwa kutegemea jinsi watoto walivyofaulu mtihani wa kusoma, kuandika na hesabu. Yeye, akiwa mwajiriwa wa serikali hiyohiyo, alichapisha makala ya kuupinga utaratibu huo, na katika ripoti yake ya mwaka 1867 alieleza kwamba kwa maandalizi ya kijanja mtoto anaweza kupitishwa katika mtihani bila kujua kweli kusoma, kuandika wala kuhesabu.

Mwalimu yeyote wa darasa la saba hapa kwetu, anayewakaririsha watoto majibu ya mitihani iliyopita kabla ya mtihani wa kumaliza msingi, atayaelewa maneno hayo bila kufafanuliwa. W. F. Connell aliandika kitabu kizima kuhusu fikra za Arnold katika elimu mwaka 1950, na Fred Walcott, mwaka 1970, alitetea kwamba mizizi ya Culture and Anarchy imo katika kazi ya shuleni. Kwangu mimi hapo ndipo dada yetu wa Mbarara ana nafasi. Hoja ya Mwalimu wa Gulu nayo haipotei, kwa maana mkaguzi yuleyule aliyewahurumia watoto wa maskini ndiye aliyeogopa baba zao walipokusanyika bustanini, na utafiti unaoyakabili yote mawili kwa pamoja utakuwa mgumu kuupuuza.

Mwanafunzi, Mbarara

Nawashukuru kwa dhati. Naelekea upande wa mkaguzi, ila moyo unaniuma kuyaacha mashairi. Je, kuna namna ya kuyabakiza bila tasnifu kutawanyika?

Mhadhiri mstaafu, Kampala

Ipo, mradi usiyape sura nzima. Soma kwanza Stefan Collini wa mwaka 1988. Ni kitabu chembamba, lakini kinampitia mshairi, mhakiki wa fasihi, mhakiki wa jamii na mwandishi wa mambo ya dini bila kumkata vipande. Kisha chukua ripoti za ukaguzi za miaka ya 1850, uziweke sambamba na dibaji ya mashairi ya mwaka 1853, ambamo Arnold anaeleza kwa nini amelitoa shairi la Empedocles: mateso yasiyo na njia ya kutokea kwa vitendo, anasema, hayafai kuwa ushairi. Wakati anaandika hayo alikuwa ameshaanza kuzunguka katika shule za maskini. Katika pendekezo lako uliza kama mambo hayo mawili yanahusiana, na upange barua za Lang za miaka hiyo kuwa ushahidi wako wa kwanza.