Hivi Amrish Puri aliwahi kuwa steringi hata muvi moja?

mzee_wa_kihindi: Wakuu habari za jioni. Jana nimekaa na madogo hapa tunaangalia Mr. India ile ya 1987, nikamwona Amrish Puri kama Mogambo, yule adui, kwenye kiti chake, wigi la njano, gwanda la kijenerali, anagonga gonga vidole kwenye ule mpira wa kioo, madogo kimyaa. Sasa nikajiuliza, huyu mzee muvi za kihindi tulizokua nazo karibu zote yumo ila steringi sijawahi kumwona, walimbania au?

Chuma cha Tanga: Alijaribu mkuu. Alimfuata bro wake Bombay, Madan Puri, naye adui vilevile, akafanyiwa majaribio ya usteringi miaka ya 50 wakamtosa eti sura haifai. Akaajiriwa ofisi ya serikali ya mambo ya bima, mchana mafaili jioni maigizo ya jukwaani, miaka na miaka hiyo. Muvi zimekuja kukolea anakaribia 40, halafu Hum Paanch ya 1980 ndo ikamfanya adui mwenyewe. Amefariki Januari 2005 ana miaka 72 na muvi zaidi ya 400

sina_baya: 400 si ajabu, steringi lazima awepo mwanzo mwisho, na nyimbo zote acheze, adui anashuti sini zake anahamia seti nyingine 😂 ule upara sasa, alinyoa kwa ajili ya Indiana Jones ya Spielberg 1984, yule kuhani anayechomoa moyo wa mtu kwa mkono, akaupenda akabaki nao, wigi anabadilisha tu kulingana na muvi

Mama Nai: Mnamsema adui adui, ile Dilwale Dulhania Le Jayenge (DDLJ) ya 1995 mmeisahau? Baba mwenye duka London, anawalisha njiwa asubuhi roho iko Punjab. Mwisho pale stesheni kamshika binti mkono, treni imeanza kuondoka, mara anamwachia akimbie kwa Shah Rukh. Mie hapo kila siku nalia, na siyo kwa ajili ya Shah Rukh. Tuzo ya Filmfare ya mwigizaji msaidizi kachukua mara tatu jamani

mzee_wa_kihindi: Dah shukrani dada. Leo usiku nawawekea madogo hiyo ya treni, wanamwogopa mpaka hawataki kuzima taa

sina_baya: Anza na ya moyo kuchomolewa mkuu 😂😂